Sura ya Tano: Mita Mia Tatu za Himeji

Kutoka Lango la Hishi hadi kwenye mnara mkuu wa Ngome ya Himeji, ukipima kwa kamba iliyonyooka, ni mita 130. Ukienda kwa miguu ni mita 325, na kila hatua ya ziada iliwekwa kwa makusudi. Njia inapinda, inabana, inakurudisha ulikotoka, inakushusha pale unapotarajia kupanda. Vitabu vingi vya masamurai huanza na upanga na kuishia na upanga. Mimi naamini kwamba anayetaka kuwajua watu hawa aanze na njia hii, aitembee polepole, awe na mtu wa kumwonyesha yale ambayo macho yake mwenyewe yangeyapita.

Himeji iko mkoa wa Hyogo, magharibi mwa Kobe, na kwa treni ya kasi kutoka Osaka ni mwendo wa nusu saa. Ukitoka tu stesheni unauona mnara, mweupe kabisa, mwisho wa barabara ya Otemae yenye urefu wa kilomita moja. Barabara hiyo pana na iliyonyooka isikudanganye. Ilifunguliwa hivyo baada ya Vita Kuu ya Pili. Zama za masamurai hapakuwa na njia ya kumpeleka mgeni moja kwa moja hadi mlangoni kwa bwana. Mahandaki ya maji yalikizunguka kilima cha ngome mara tatu, yakijikunja kuelekea ndani: wafanyabiashara na mafundi wakikaa upande wa nje, masamurai katikati, na bwana ndani kabisa. Kwa hiyo anayetoka stesheni leo, kabla hajaiona hata ngazi moja ya ngome, tayari amekwisha kupita juu ya viwanja vya nyumba za wafanyabiashara na masamurai hao. Maduka ya viatu na mikahawa imesimama walipokuwa wakilala.

Mwongozaji wetu, mama mtu mzima aliyezaliwa mjini humo na anayefanya kazi hii kwa kujitolea, hakutupeleka mnarani. Alitusimamisha kwanza kwenye uwanja mpana wa nyasi, baada tu ya daraja la Sakuramon, mahali ambapo wageni wengi hupita haraka wakikimbilia kupiga picha. Akatuuliza tunadhani bwana wa ngome alikuwa akilala wapi. Sote tukaonyesha mnarani. Akatikisa kichwa, akaelekeza kidole chini, kwenye nyasi zile.

Mnara haukuwa nyumba. Ulikuwa ghala, kituo cha ulinzi, kimbilio la mwisho, na zaidi ya yote tangazo la uwezo. Bwana wa jimbo, ambaye Wajapani humwita daimyo, aliishi huku chini katika majumba ya mbao ambayo hayapo tena, na humu ndimo shughuli za jimbo zilimofanyika. Asubuhi masamurai walitoka majumbani mwao, panga mbili kiunoni, wakaja kazini. Na kazi yenyewe ilikuwa ipi? Kuhesabu mchele. Kuandika barua. Kusimamia mifereji, kusikiliza mashauri ya wakulima, kukagua maghala, kulinda zamu. Baada ya Ngome ya Osaka kuanguka mwaka 1615, Japani ilikaa zaidi ya miaka 200 bila vita kubwa ya ndani, isipokuwa uasi wa Shimabara wa 1637 na 1638. Samurai wengi sana walizaliwa, wakaoa, wakazeeka, wakazikwa bila kuutoa upanga alani kwa ajili ya vita.

Walilipwa kwa mchele. Kipimo kilikuwa koku, kama lita 180, kiasi kilichohesabiwa kumtosha mtu mmoja kwa mwaka mzima. Jimbo lenyewe lilipimwa kwa koku. Himeji chini ya ukoo wa Ikeda lilihesabiwa koku 520,000, na baadaye, chini ya ukoo wa Sakai uliolishika tangu 1749, koku 150,000. Samurai wa juu aliishi vizuri. Wa chini alipokea kidogo, na mkewe na watoto wakajaliza kwa kazi za mikono za nyumbani. Majimbo nayo yalizama katika madeni, kwa sababu kila bwana alilazimika kwenda na kurudi Edo, mji ambao leo ni Tokyo, akiwa na msafara mkubwa, na familia yake ikibaki huko kama rehani kwa shogun, mtawala wa kijeshi wa nchi nzima. Utaratibu huo uliwekwa kisheria mwaka 1635.

Hapo ndipo nilipomsikia samurai ambaye tangu siku hiyo namhesabu kuwa mkubwa kuliko wapiganaji wote wa Himeji. Ni Kawai Sunno, mzee wa baraza la ukoo wa Sakai, aliyezaliwa 1767 na kufariki 1841. Alipokabidhiwa fedha za jimbo, deni lilikuwa ryo 730,000 za dhahabu. Hakuvamia jimbo la jirani. Alitazama mashamba ya pamba ya tambarare hii, akaweka biashara ya nguo nyeupe za pamba chini ya jimbo, akapigania ruhusa ya kuziuza Edo moja kwa moja bila kupitia madalali wa Osaka, na mwaka baada ya mwaka deni likalipwa. Hakuna filamu ya mapanga itakayotengenezwa kumhusu. Lakini watu wa mji huu walikula kwa sababu yake, na mwongozaji wetu alilitaja jina lake kwa heshima ile ile mtu anayompa babu yake mzaa baba.

Kilima hiki, Himeyama, kilikuwa na boma tangu karne ya 14. Mtu wa kwanza kukijengea mnara wa ghorofa tatu ni Toyotomi Hideyoshi, mwanzoni mwa miaka ya 1580, na hapo kuna uzi mmoja unaotuhusu sisi wa pwani ya Afrika Mashariki. Bwana wa Hideyoshi alikuwa Oda Nobunaga. Mwaka 1581, mjini Kyoto, padri Mtaliano Alessandro Valignano alimpeleka mbele ya Nobunaga Mwafrika aliyekuwa akimhudumia, mtu ambaye Wajapani walimwita Yasuke. Padri Mfaransa François Solier aliandika mwaka 1627 kwamba alitoka Msumbiji. Nobunaga alimpenda, akamchukua, akampa upanga, nyumba na posho. Juni 1582 Nobunaga alisalitiwa na jemadari wake Akechi Mitsuhide katika hekalu la Honno-ji, na Yasuke alikuwa pamoja naye. Baadaye akaendelea kupigana upande wa mwana wa Nobunaga mpaka akausalimisha upanga wake. Habari za kifo zilimfikia Hideyoshi akiwa vitani upande wa magharibi. Akafanya suluhu haraka, akageuza jeshi, akapita hapa Himeji, akafungua hazina na maghala ya ngome na kuwagawia askari wake dhahabu na mchele, kisha akasonga mbele hadi Yamazaki akamshinda Mitsuhide. Siku zilizomaliza habari za Yasuke katika kumbukumbu za Japani ndizo siku zilizomfungulia Hideyoshi njia ya kuitawala nchi, na njia hiyo ilipita kwenye kilima hiki.

Lakini ngome tunayoiona leo si ya Hideyoshi. Baada ya vita vya Sekigahara mwaka 1600, Tokugawa Ieyasu, mshindi wa vita hivyo, alimpa Himeji mkwewe Ikeda Terumasa, kwa kazi moja kubwa: kuyabana majimbo ya magharibi ambayo hayakuaminika. Terumasa alianza 1601, akaubomoa mnara wa zamani, na kufika 1609 alikuwa ameinua huu mpya, mita 31 na nusu juu ya msingi wa mawe wenye mita karibu 15. Nje unahesabu ghorofa tano. Ndani ni sita, na ya saba iko chini ya ardhi.

Sasa tukapita Lango la Hishi.

Malango yanayofuata yamepewa majina kwa mpangilio wa zamani wa herufi za Kijapani: I, Ro, Ha, Ni, Ho. Zamani yalikuwa 84 katika ngome nzima, yamebaki 21. Baada ya Ro njia inapanda mteremko wa ngazi pana ambazo miguu haizizoei, kwa sababu kina chake ni cha hatua moja na nusu: ukikimbia unajikwaa, ukitembea unachelewa. Mkono mmoja kuna ukuta mweupe wenye matundu. Ya duara, ya pembetatu na ya mraba ni ya bunduki za utambi. Yale marefu na membamba ni ya mishale. Kwa nje ni madogo, kwa ndani ni mapana, ili mlinzi aweze kugeuza silaha huku na huku naye asionekane. Yamebaki karibu elfu moja. Mwongozaji alituambia tuchague tundu lolote, tusimame mbele yake, tusogee kulikwepa. Tulisogea, tukajikuta mbele ya lingine.

Ukishapita Lango la Ha, njia inakukunja mpaka mnara uliokuwa ukiufuata unakuwa nyuma yako. Huyo adui wa Terumasa, amechoka, amebeba deraya, anaambiwa na macho yake kwamba amepotea. Akiendelea, analikuta Lango la Ni, ambalo ni jembamba na dari yake iko chini sana. Mtu mrefu huinamisha kichwa. Juu ya dari hiyo kuna chumba cha walinzi, na mikuki ilikusudiwa kushuka kutoka huko. Hapa pia, kwenye paa, mwongozaji alituonyesha kigae chenye alama ya msalaba. Husemwa kwamba ni kwa heshima ya Kuroda Kanbei, mzaliwa wa hapa na mshauri wa Hideyoshi, aliyekuwa Mkristo.

Lango la Ho ni dogo na limevikwa bamba za chuma. Karibu nalo kuna kipande cha ukuta wa udongo kisicho na chokaa, kinachosadikiwa kuwa cha zama za Hideyoshi: udongo na changarawe vilivyoshikanishwa, husimuliwa, kwa maji ya kuoshea mchele. Nilikigusa kwa macho tu, maana kimezungushiwa uzio. Kisha yanakuja Malango ya Maji, na hapo ndipo mjenzi aliponishangaza kuliko kwingine kote. Mnara uko juu ya kichwa chako kabisa, lakini njia inaanza kushuka. Yeyote aliyeandika ramani hii alijua kwamba mtu mwenye haraka haamini kuwa safari ya kwenda juu inaweza kupitia bondeni.

Kuta zenyewe zinahitaji muda. Weupe wa Himeji ni lipu ya chokaa, nyuzi za mimea na gundi inayopikwa kwa mwani, imepakwa si ukutani tu bali hata chini ya paa na kwenye maungio ya vigae. Watu wa Zanzibar na Lamu, ambao babu zao walichoma matumbawe wakapata chokaa na wanaoujua mwani kwa mikono yao, wataielewa kazi hii kuliko mtalii wa Ulaya. Uzuri ni faida ya ziada. Lengo la kwanza lilikuwa moto: mnara wote ni wa mbao, na lipu hiyo nene iliukinga na mishale ya moto. Mawe ya chini nayo yanasimulia mambo. Terumasa alihitaji mawe mengi kuliko yaliyopatikana, na ndani ya kuta mwongozaji alituonyesha majeneza ya mawe yaliyotolewa kwenye makaburi ya kale, na taa za mawe za mahekalu. Kuna pia jiwe dogo la kusagia, limefunikwa wavu wa chuma. Husimuliwa kwamba bibi kizee muuza mikate ya mchele, aliposikia Hideyoshi amepungukiwa mawe, alimtolea jiwe lake la kusagia; habari zikaenea, na watu wakaanza kuleta yao.

Ndani ya mnara unavua viatu, unavibeba mkononi. Mbao ni baridi na zimeng'arishwa na nyayo. Ngazi ni kali kiasi kwamba wazee wengi wanashuka kinyumenyume. Kuna vichanja vya bunduki na mikuki kila upande, vyumba vidogo vya pembeni vya kuwaficha wapiganaji, na huko chini vyoo ambavyo husemwa havikupata kutumika. Nguzo mbili kuu, ya mashariki na ya magharibi, zinapanda kutoka chini hadi sakafu ya ghorofa ya juu, kama mita 25 kila moja. Wakati wa matengenezo makubwa ya 1956 hadi 1964, jengo lote lilipofunguliwa kipande kwa kipande na kuunganishwa upya, nguzo ya magharibi ilionekana imeoza. Mti uliokatwa huko Kiso kuchukua nafasi yake ulivunjika ukisafirishwa. Mafundi wakaishia kuunganisha miti miwili kuwa nguzo moja, na ndiyo inayobeba mzigo mpaka leo. Niliweka kiganja juu yake na sikuona haya.

Juu kabisa kuna madhabahu ndogo ya Osakabe, mungu mlinzi wa kilima. Usiku wa Julai 3, 1945, ndege za Marekani ziliuchoma mji wa Himeji. Ngome ilikuwa imefunikwa nyavu nyeusi ili weupe wake usionekane. Bomu la moto liliangukia ghorofa hii ya juu, halikulipuka. Asubuhi watu waliotoka mafichoni waliona majivu pande zote na mnara umesimama. Miaka 50 baadaye, Januari 1995, tetemeko lililoua maelfu ya watu Kobe na kandokando yake liliutikisa mnara huu, nao ukabaki karibu bila dosari. Hata chupa ya pombe ya mchele iliyokuwa juu ya madhabahu haikuanguka.

Kutoka dirisha la magharibi unaona jengo refu la chini, ushoroba wa mita kama 240. Hapo aliishi Senhime, na habari zake sizipiti upesi. Alikuwa mjukuu wa Ieyasu. Akiwa na miaka saba aliozwa kwa Hideyori, mwana wa Hideyoshi, ili koo mbili zipatane. Hazikupatana. Mwaka 1615 jeshi la babu yake liliichoma Ngome ya Osaka, mumewe akajiua humo, naye akaokolewa kutoka motoni akiwa na miaka 18. Mwaka uliofuata aliolewa na Honda Tadatoki, na 1617 wakaja Himeji, ambako mali aliyokuja nayo ilitumika kuijenga sehemu ile ya magharibi. Hapa alipata miaka michache ya furaha. Mwanawe wa kiume akafa akiwa mdogo. Mwaka 1626 Tadatoki akafa kwa maradhi. Na msiba huo ukazaa mwingine: Miyamoto Mikinosuke, mtoto wa kulea wa mpiga panga mashuhuri Miyamoto Musashi, alijiua ili amfuate bwana wake, kama desturi ya uaminifu ilivyotaka. Utawala wa shogun ulipiga marufuku desturi hiyo mwaka 1663, nao ulifanya vyema. Senhime alirudi Edo, akanyoa nywele, akawa mtawa, akaishi hadi 1666.

Ukishuka unapita kisima cha Okiku. Ni hadithi, si historia, lakini watoto wa shule waliokuwa mbele yetu walikimbilia huko kabla ya kitu kingine chochote. Okiku, mjakazi, aligundua njama ya kumpindua bwana wa ngome. Mmoja wa wala njama akaficha sahani moja kati ya kumi alizokabidhiwa, akamsingizia, akamuua na kumtupa kisimani. Usiku sauti huhesabu sahani, moja hadi tisa, kisha kilio. Mwongozaji aliwahesabia watoto wale kwa sauti ya chini, na wa nyuma wakashikana mikono.

Njia hii yote, na matundu yake na malango yake, haikupata kujaribiwa. Adui aliyepangiwa hakuja. Mwaka 1868, utawala wa Tokugawa ulipokuwa ukianguka, jeshi la jimbo la Okayama liliizingira ngome na kufyatua mizinga, na watawala wa Okayama walikuwa ukoo wa Ikeda, jamaa wa Terumasa aliyeijenga. Himeji ikasalimu amri bila mapigano. Mwaka 1871 majimbo yakafutwa. Mwaka 1873 serikali mpya ikatoa amri ya kuziondoa ngome, na 1876 masamurai wakakatazwa kubeba panga na posho zao za mchele zikageuzwa kuwa hati za dhamana. Kote nchini minara ikabomolewa, mbao zikauzwa kuni. Ya zamani iliyobaki leo ni 12 tu. Mnara wa Himeji uliuzwa kwa mnada kwa yen 23 na sen 50. Husemwa mnunuzi alitaka vigae, akakuta gharama ya kubomoa inazidi bei yake, akaacha.

Aliyeuokoa amewekewa jiwe la kumbukumbu ndani ya Lango la Hishi, na watu wengi hulipita wakiwa wamechoka, wakitafuta maji ya kunywa. Ni Kanali Nakamura Shigeto wa jeshi jipya, jeshi lile lile lililozifanya ngome hizi kuwa kambi na kuziona ni mzigo. Mwaka 1878 alimwandikia mkubwa wake, Yamagata Aritomo, akiomba ngome za Nagoya na Himeji zihifadhiwe, na ombi likakubaliwa. Ngome ya Nagoya iliungua katika mabomu ya 1945. Himeji iliingizwa katika orodha ya urithi wa dunia ya UNESCO mwaka 1993. Mwongozaji wetu alisimama mbele ya jiwe la kanali, akainama kwa heshima, kisha akatusomea maandishi yote, mstari kwa mstari, na hakuruhusu mtu aondoke kabla hajamaliza.